Mizani iko Kimilili, laptopu iko Kisumu: kutumia USB ya mbali kupitia mtandao

Swali: Hamjambo wataalamu. Mimi ni fundi wa kompyuta hapa Kisumu, nahudumia vituo vitatu vya kupokea maziwa: Kimilili, Malava na Kapsabet. Kila kituo kina mizani ya elektroniki inayoingia kwenye kompyuta ya Windows kwa waya wa USB, printa ndogo ya risiti, na ufunguo wa USB wa leseni ya programu ya malipo ya wakulima. Kitu kikikorofisha inabidi nipande matatu, siku nzima inaisha, na mara nyingi kazi yenyewe ni ya dakika kumi. Nasikia kuna njia ya kufanya kifaa kilichochomekwa kule kionekane kama kimechomekwa kwenye laptopu yangu. Je, inawezekana kwa laini ya simu? Na naweza kuboresha programu ya ndani ya mizani (firmware) kwa njia hiyo?

Jibu: Inawezekana, hata kwa laini ya simu. Ila kati ya vifaa vyako vitatu, ni ule ufunguo wa leseni peke yake unaohitaji kusafirishwa kama USB. Mizani na printa zina njia nyepesi zaidi. Na kuhusu kuboresha programu ya ndani ya mizani kupitia USB ya mtandaoni: usijaribu. Tuanze na sababu, maana ukiielewa hiyo mengine yote yatakuja yenyewe.

Kwenye USB, kompyuta ndiyo huuliza na kifaa hujibu. Kifaa hakisemi neno mpaka kiulizwe. Programu ya kusafirisha USB hukaa katikati, hulichukua kila ombi la draiva, hulifunga ndani ya pakiti ya mtandao, hulipeleka upande wa pili, kisha hungoja jibu lirudi. Linux ina uwezo huu ndani ya kerneli yake (kiini cha mfumo) kwa jina la USB/IP, na tangu toleo la 3.17 la mwaka 2014 ni sehemu kamili ya kerneli. Kila ombi huongezewa kichwa cha baiti 48, mzigo mdogo sana. Kinachoumiza ni safari. Kifaa kikiwa mezani, ombi na jibu havifiki milisekunde chache. Kwa laini ya simu, tuseme safari ya kwenda na kurudi ni milisekunde 80 (pima yako kwa `ping`, usiniamini mimi).

Sasa chukua programu ya ndani ya KB 256 inayotumwa vipande vya baiti 64, na kila kipande lazima kithibitishwe kabla ya kinachofuata. Hivyo ni vipande 4,096. Mara milisekunde 80, unapata sekunde 327, yaani zaidi ya dakika tano kwa kazi ambayo mezani ingeisha kwa sekunde kadhaa. Dakika tano unaweza kuvumilia. Tatizo ni kwamba programu nyingi za kuboresha zimeandikwa zikitarajia jibu la haraka: likichelewa, zinakata kazi katikati, au mnara unayumba kidogo na unabaki na mizani isiyowaka kabisa. Hapo utapanda matatu na bado urudi na mizani mgongoni.

Dawa ni kupeleka programu karibu na kifaa. Weka kiboreshaji kwenye kompyuta iliyo kituoni, uiendeshe kutoka Kisumu kwa kuiona skrini yake ukitumia AnyDesk, RustDesk au nyingine unayoijua. Mtandao ukikatika, kazi inaendelea kule kule. Kanuni hiyo itakusaidia kwa karibu kila kitu: kinachosafiri kiwe kidogo kadiri iwezekanavyo.

Mkono wako kituoni

Nakushauri kila kituo kiwe na kikompyuta kimoja cha Raspberry Pi chenye Linux, mbali na ile kompyuta ya Windows. Siku ya kawaida hakifanyi lolote. Siku ya hitilafu, karani anachomoa waya wa mizani kwenye kompyuta na kuuchomeka kwenye Pi. Kitendo hicho chenyewe tayari ni uchunguzi: uzani ukisomeka vizuri kwenye Pi, basi mizani na waya ni wazima na ugonjwa uko kwenye Windows. Usiposomeka, usipoteze muda kusakinisha draiva upya.

Kwa mizani, ingia kwenye Pi kwa SSH (njia ya kuandikia amri kompyuta ya mbali). Andika `lsusb`. Waya nyingi za USB zinazounganishwa na mizani zina chipu ya CH340, ambayo huonekana kama `1a86:7523`. Ukiona `0403:6001` ni FTDI, na `067b:2303` ni Prolific. Kisha:

`picocom -b 9600 /dev/ttyUSB0`

Mwambie karani aweke debe juu ya mizani. Mizani nyingi za biashara hutoa mistari inayofanana na huu:

`ST,GS,+  12.40kg`

ST maana yake uzani umetulia, US bado unayumba, GS ni uzani pamoja na chombo, NT ni uzani baada ya kutoa chombo. Ukiona herufi za ajabu, kasi haijalingana: jaribu 4800, 2400 au 19200. Usipoona chochote kabisa, kuna mambo matatu ya kukagua kwa mpangilio huu. Kwanza, mizani imewekwa itume uzani pale tu kitufe cha kuchapisha kinapobonyezwa. Mwombe karani akibonyeze. Pili, waya wa kutuma na wa kupokea hazijapishana inavyotakiwa, hasa kama mtu alinunua waya mpya juzi. Tatu, mtumiaji wako hayumo kwenye kundi la `dialout`, ingawa hapo `picocom` yenyewe itakuambia huna ruhusa.

Kwa hitilafu nyingi za mizani, huo ndio mwisho wa safari. Hakuna USB iliyosafirishwa, umetumia KB chache tu za bando.

Ikiwa lazima programu ya kupima iwe kwenye laptopu yako, safirisha mawasiliano ya siriali, yaani zile herufi za uzani tu, badala ya USB nzima. Sakinisha `ser2net` kwenye Pi, na kwenye faili `/etc/ser2net.yaml` ongeza:

```
connection: &mizani
  accepter: telnet(rfc2217),tcp,2001
  connector: serialdev,/dev/serial/by-path/JINA_LA_POTI,9600n81,local
```

Nimeandika `by-path` kwa makusudi. Chipu za CH340 kwa kawaida hazina namba ya pekee, kwa hiyo waya mbili za aina moja huwa na jina lilelile kwenye `by-id`, na siku moja utasoma uzani wa mizani usiyoikusudia. Njia ya `by-path` hufuata tundu ambalo waya umechomekwa. Upande wa Windows, com0com pamoja na hub4com hukupa poti ya COM ya bandia inayoelekea kwenye anwani ya Pi, poti 2001.

Printa ya risiti ni rahisi zaidi. Programu ndogo iitwayo `p910nd` huifanya printa iliyo kwenye `/dev/usb/lp0` isikilize poti 9100, nawe unaiongeza kwenye laptopu kama printa ya mtandao. Risiti ikitoka, printa ni nzima.

Kamera ya USB na maikrofoni, kama kuna atakayekuomba, kataa. Vifaa hivyo hutuma data kwa muda maalum bila kurudia kilichopotea, na kwa laini ya simu utaona picha zilizokatika katika au usione kitu. Flashi diski nayo usiisafirishe. Tuma faili kwa `scp`, amri ya kunakili faili kupitia SSH.

Ufunguo wa leseni: hapa ndipo USB/IP inahitajika

Elewa jambo moja kabla ya kugusa kitu: kifaa cha USB kina mwenyewe mmoja kwa wakati mmoja. Ukiuchukua ufunguo uje Kisumu, programu ya malipo kule kituoni itafungwa au itadai leseni. Kwa hiyo mpigie karani kwanza, na usifanye kazi hii wakati bodaboda wamepanga foleni na mikebe ya maziwa ya asubuhi. Soma pia masharti ya leseni yenyewe. Wauzaji wengine hawaruhusu ufunguo kutumiwa nje ya kompyuta moja.

Kwenye Pi, mara ya kwanza:

```
sudo apt install usbip
sudo modprobe usbip-host
sudo usbipd -D
usbip list -l
```

Amri ya mwisho itakuonyesha kitu kama `busid 1-1.2`, ikifuatwa na namba za mtengenezaji na kifaa. Hiyo `1-1.2` ni anwani ya tundu: njia ya kwanza, habu ya ndani, tundu la pili. Ukichomeka ufunguo kwenye tundu jingine, namba inabadilika. Ndiyo maana inafaa ubandike utepe wa rangi kwenye matundu: mwekundu kwa ufunguo, wa bluu kwa mizani. Kwa simu ni rahisi kumwambia mtu “chomeka kwenye nyekundu” kuliko kumweleza tundu la juu kulia ukiwa umeangalia kwa nyuma.

Kisha utoe kifaa:

`sudo usbip bind -b 1-1.2`

Na kwenye laptopu yako ya Linux (10.8.0.2 ni anwani ya Pi kwenye VPN, yaani njia ya faragha ndani ya intaneti, tutakayoiona chini):

```
sudo modprobe vhci-hcd
usbip list -r 10.8.0.2
sudo usbip attach -r 10.8.0.2 -b 1-1.2
```

Subiri sekunde kadhaa. Kompyuta inapokitambua kifaa huuliza maswali mengi madogo, na kila swali linasafiri hadi Kimilili na kurudi. Halafu andika `lsusb`; ufunguo utaonekana kama uko mkononi mwako. Ukimaliza, anza kwako: `usbip port` ikupe namba, kisha `sudo usbip detach -p 00`. Baada ya hapo ndipo uende kwenye Pi na `sudo usbip unbind -b 1-1.2`.

Kama hutaki ufunguo uhamishwe kutoka kwenye kompyuta ya Windows, kuna usbipd-win, inayotumia itifaki ileile. Fungua dirisha la amri kama msimamizi, andika `usbipd list`, kisha `usbipd bind --busid` na namba uliyoiona. Kuna tofauti ya kupendeza: kwenye Linux, `bind` humnyang'anya mwenye kifaa papo hapo, lakini kwenye usbipd-win kituo kinaendelea kukitumia mpaka wewe utakapokivuta. Tena hukumbuka mpangilio hata kompyuta ikizimwa. Ikiwa laptopu yako ndiyo yenye Windows, mradi wa usbip-win2 hufanya kazi ya upande wa mpokeaji. Na ukiona mambo ya amri yanakuchosha, VirtualHere ina vitufe vya kubonyeza tu. Programu ya mpokeaji ni bure, ila ya upande wa kifaa hulipiwa kwa kila seva. Yenyewe hutumia poti 7575, wakati USB/IP hutumia 3240.

Njia ya kupita

Huwezi kuipigia laini ya simu ya kituoni moja kwa moja. Angalia anwani ambayo routa imepewa na kampuni ya simu: ikianza na 10, au ikiwa kati ya 100.64 na 100.127, mnashiriki anwani moja ya nje na wateja wengine wengi, na hakuna mlango wa kuingilia. Unahitaji VPN ambayo kituo chenyewe ndicho kinaipiga kwenda nje. WireGuard inatosha, na imo kwenye kerneli ya Linux tangu toleo la 5.6 la mwaka 2020. Kodi seva ndogo yenye anwani ya wazi, ipe 10.8.0.1, vituo vipewe 10.8.0.2 na kuendelea, laptopu yako nayo ipate yake. Usipotaka kukodi seva, Tailscale itakufanyia kazi hiyo.

Kwenye faili ya kila kituo, mistari miwili isisahaulike:

```
PersistentKeepalive = 25
MTU = 1280
```

Wa kwanza unakaa chini ya `[Peer]`, wa pili chini ya `[Interface]`. Wa kwanza hutuma salamu ndogo kila sekunde 25 ili kampuni ya simu isiifunge njia kwa kudhani hakuna anayeongea. Salamu hizo ni 3,456 kwa siku, na pamoja na mabadilishano ya funguo hazifiki MB moja, kwa hiyo bando la kituo halitahisi. Wa pili hutibu ugonjwa mmoja unaowasumbua mafundi wengi: `usbip list -r` inajibu vizuri, lakini `attach` inaganda. Pakiti ndogo zinapita, kubwa zinamezwa njiani, ndiyo maana tunapunguza ukubwa wake.

USB/IP yenyewe haiulizi nenosiri wala haifichi data. `usbipd` ikiwashwa husikiliza kila upande, na yeyote atakayeifikia poti 3240 anaweza kukichukua kifaa. Kwa hiyo iruhusu ndani ya VPN peke yake, kwa mpangilio huu (`wg0` ni jina la njia ya WireGuard kwenye Pi):

```
sudo ufw allow in on wg0 to any port 22 proto tcp
sudo ufw allow in on wg0 to any port 3240 proto tcp
sudo ufw allow in on wg0 to any port 2001 proto tcp
sudo ufw allow in on wg0 to any port 9100 proto tcp
sudo ufw enable
```

Mstari wa poti 22 uwe wa kwanza. Ukiiwasha `ufw` ukiwa umeusahau, utakuwa umejifungia mlango kutoka Kisumu, na ufunguo uko Kimilili.

Yanayoharibika

Ujumbe kwamba kifaa kina shughuli wakati hakuna anayekitumia: laptopu yako ilipoteza mtandao ghafla, na Pi bado inaamini umekishika. Kwenye Pi, fanya `unbind` kisha `bind` tena.

Kifaa kinatoweka kila baada ya muda: mara nyingi ni umeme. Pi 4 hutoa ampea 1.2 kwa matundu yote manne kwa pamoja, nayo yenyewe inataka adapta ya volti 5 ya ampea 3, ambayo chaja ya simu ya barabarani si mbadala wake hata ikiandikwa hivyo kwa herufi kubwa. Andika `vcgencmd get_throttled`. Jibu likiwa `0x0` uko salama. Ukiona `0x50000`, volti ilishuka wakati fulani tangu Pi iwashwe. Badilisha adapta, au weka habu yenye umeme wake.

Waya wa CH340 unaonekana kwenye `lsusb` lakini `/dev/ttyUSB0` haipo: kama ni Ubuntu 22.04, mkosaji ni `brltty`, programu ya maandishi ya vipofu inayoudhania waya wako kuwa kifaa chake. Kama hakuna anayeihitaji kwenye mashine hiyo, `sudo apt remove brltty`, kisha chomoa na kuchomeka tena.

Kifaa kinachojizima na kujiwasha kwa sura nyingine katikati ya kazi, kama simu ya Android inayoingia kwenye hali ya kuandikiwa upya, hupotea kwenye USB/IP, kwa kuwa kinarudi kama kifaa kipya ambacho hakijafanyiwa `bind`. Hiyo ni sababu ya pili ya kutoboresha programu za ndani kwa njia hii.

Mizani yenye muhuri

Mizani inayotumika kununua maziwa hukaguliwa na kupigwa muhuri na ofisa wa vipimo chini ya Sheria ya Mizani na Vipimo, Sura ya 513. Kusoma uzani ukiwa mbali hakuna shida. Kubadilisha urekebishaji wake ni jambo jingine kabisa, hata kama menyu inakuruhusu. Liache hadi uwe kituoni na taratibu za ukaguzi zifuatwe. Programu ya malipo nayo ina majina, namba za simu na mapato ya wakulima, na hizo ni data za kibinafsi chini ya Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019. Pata ruhusa ya usimamizi wa kituo kwa maandishi, na usibaki na nakala ya hifadhidata kwenye laptopu baada ya kazi kwisha.

Kabla ya kuondoka kituoni

Amri za `modprobe` na `usbipd -D` hazidumu Pi ikizimwa. Andika neno `usbip-host` peke yake ndani ya faili `/etc/modules-load.d/usbip.conf`, na utengeneze huduma ya systemd (msimamizi wa huduma za Linux) ya kuwasha `usbipd`. WireGuard iwashe kwa `sudo systemctl enable wg-quick@wg0`. Kwenye `raspi-config` washa mfumo wa overlay, unaofanya kadi isomwe tu bila kuandikwa, ili stima ikipotea wakati Pi inaandika, kadi ya kumbukumbu isiharibike. Fanya hivyo mwisho, kwani baada ya hapo mabadiliko yoyote hufutika ikizimwa.

Kisha zima soketi ukutani, hesabu hadi thelathini, uwashe. Usiiguse Pi. Toka nje, unganisha laptopu yako na intaneti ya simu yako wala si ya kituo, washa VPN, na uandike `ping 10.8.0.2`, halafu `ssh`. Ukipata jibu bila mtu kugusa chochote ndani, mwachie karani namba yako na uende stendi. Usipopata, bado uko Kimilili, na hapo ndipo pa kurekebisha.